Uzinduzi wa Nafuu ya Bei ya Dawa, kama Nilivyousikia Safu ya Tatu

Mheshimiwa Mkurugenzi Mkuu wa Nafuu, Mheshimiwa Naibu wake, Mheshimiwa anayemshikia Naibu mkoba, Mwenyekiti wa Kamati ya Kuunda Kamati, wakuu wa idara mliopo, mlioko njiani na mlioacha viti vyenu viwawakilishe, wazee wetu, kina mama, vijana, wagonjwa na wale ambao bado hawajajijua kuwa ni wagonjwa, itifaki imezingatiwa! (Makofi kwa mgeni rasmi. Nami nilipiga, maana asiyepiga hutazamwa, na mimi kutazamwa siwezi.)

Ndugu wananchi, nimesimama mbele yenu, na si kila siku mtu wa levo yangu husimama, kuzindua rasmi Mpango Mkakati wa Nafuu ya Bei ya Dawa, mpango ambao mimi binafsi niliuota, nikauandika, nikausifu, kisha nikaufanyia tathmini huru na kuupa alama tisini na nane kati ya mia. (Makofi. "Hizo mbili kamnyima nani?" Bibi yangu aliniuliza.)

Tumeona kwa uchungu mkubwa, na uchungu huo umetengewa bajeti, kwamba wapo watu wanaokata kidonge cha presha kwa wembe, nusu leo, nusu kesho. (Bibi aliinamisha kichwa. Wembe wake huwa juu ya kabati la vyombo, umefungwa kwenye karatasi, na vipande vimebaki saba. Daktari alimwambia kidonge kizima kila siku. Mguu wa kushoto umeshaanza kufa ganzi.) Tabia hiyo ikome! Wembe si kifaa tiba! (Vicheko safu ya mbele, kwenye viti vyenye mito.)

Sasa, nani anastahili? Swali zuri, na nimejiuliza mwenyewe. Anastahili kila mwananchi mwenye kipato cha chini, ilimradi alete barua ya mwajiri kuthibitisha uchini huo. Na asiye na mwajiri alete barua ya mwajiri anayethibitisha kwamba hajamwajiri. (Fundi viatu aliyekaa nyuma yetu: "Sasa nikamwombe nani, nyundo?") Alete pia risiti za dawa za miezi mitatu mfululizo, tujue kwamba kweli anazihitaji, ila mwenye risiti za miezi mitatu mfululizo atakuwa ameonesha kwamba kununua anaweza, kwa hiyo tutampongeza na kumwondoa kwenye orodha. (Alipiga makofi mtu mmoja tu, dereva wake.) Na asiye na risiti lakini bado yu hai, huo kitaalamu ni ushahidi kwamba dawa hazihitaji. ("Basi ngoja nife, nije kesho na fomu," alisema Bibi, wala si kwa kunong'ona. Nilimvuta mkono. Masikio yaliniwaka moto.)

Takwimu hazidanganyi, nimezitengeneza mwenyewe. Tumewafikia walengwa kwa asilimia mia moja na nne. Stekiholda wote wamejengewa uwezo. Na katika semina saba tulizofanya hotelini, hakuna mshiriki hata mmoja aliyepandwa na presha! (Makofi ya mito.)

Tazameni meza hii! Makopo mia mbili ya dawa, yamejipanga kama askari wa gwaride! Na fomu mmegawiwa tangu asubuhi, kwa Kiingereza safi, ili kulinda hadhi ya ugonjwa. (Hapa niseme ukweli. Kwa kuwa shuleni nasomea lugha zote mbili, karani alinikalisha mlangoni niwajazie watu. Nilijaza fomu arobaini na moja. Chini kabisa, kwa herufi ndogo kama mayai ya chawa, iliandikwa kwamba fomu hii ni mfano wa kupigia picha na haitapokelewa popote. Niliyaona maneno hayo kwenye fomu ya kwanza. Niliona haya kusema mbele za watu, nikajaza ya pili, nikajaza ya tatu, na ya Bibi nikaijaza kwa mwandiko mzuri kuliko zote.)

Tuseme kwa pamoja! Dawa nafuu! ("Kwa wote!") Kwa wote! ("Dawa nafuu!") Lini? (Yeye mwenyewe aligeuza karatasi haraka.)

Nikihitimisha, namshukuru mwenye duka la dawa kwa kutuazima makopo haya matupu, ambayo ameomba yarudi kabla ya saa sita. Namshukuru mpiga picha, ambaye kazi yake imekamilika. Nawashukuru wafadhili, ambao tutawaandikia watakapopatikana. Na nawashukuru ninyi wagonjwa, maana bila ninyi picha ingekuwa na viti tu. Mpango wenyewe tutaanza kuufikiria mara tu ripoti ya mafanikio yake itakapochapishwa. Ahsanteni sana! Kuna swali? Hakuna. Vizuri.

(Bibi alikunjua fomu yake, akaweka kidole chini kabisa, palepale. "Asubuhi ulinisomea yote, ukafika hapa ukameza mate," aliniambia. "Kusoma sijui, mjukuu wangu, lakini wewe nakujua. Simama uwasomee." Nilishika kiti cha mbele yangu, nikasimama. "Samahanini," nilisema, na sauti ikatoka nyembamba, lakini ikatoka. "Fomu zenu nimezijaza mimi. Tazameni chini kabisa, niwasomee.")