Tulikuja na Tiketi, Tukakuta Msiba

Ildefons Karugendo,
Bakoba, Bukoba,
Mkoa wa Ziwa Magharibi.
Septemba, 1975

Kwa Msimamizi,
Bustani ya Majumba ya Asili,
Mwanza.

Ndugu Msimamizi,

YAH: MALALAMIKO KUHUSU NYUMBA YENU YA MSONGE AMBAYO MWENYEWE HAYUPO

Pokea salamu zangu kabla hujapokea lawama zangu, kwani mtu aliyelelewa hutanguliza hizo. Mimi ni karani wa mahakama. Nimenakili mashtaka ya watu wengine mpaka vidole vimeota sugu, na sikuwahi kudhani kwamba siku moja nitaandika ya kwangu. Lakini yaliyotupata bustanini kwako mwezi uliopita hayakai kifuani. Nitayapanga kwa namba, ili ukitaka kujibu usipate tabu ya kutafuta.

Kwanza ujue tulikuwa akina nani. Kijiji cha mama yangu, Kyabihanga, wilayani Muleba, kilishinda mashindano ya Nyumba Bora. Kilishinda kwa sababu Kamati ya kijiji, chini ya Ndugu Byabato, ilivunja nyumba zote za nyasi isipokuwa moja, na watu wakahamia za bati. Zawadi ya ushindi huo ilikuwa safari ya meli hadi Mwanza, pamoja na tiketi zilizokatwa mapema kabisa, za kwenda kutazama nyumba za nyasi. Sitanii. Wajumbe walikuwa Ndugu Byabato mwenyewe, mama yangu Celina, jirani yake Klaudia, na wazee kadhaa wa kijiji. Mimi niliungana nao Bukoba bandarini ili niwasomee matangazo.

Hiyo nyumba moja iliyobaki ni ya mama yangu. Amri ni kwamba ivunjwe kabla ya mvua za vuli. Nakuomba ulikumbuke hilo unapoendelea kusoma, kwa sababu ndilo linaloninyima raha. Nilizaliwa humo.

Sasa malalamiko.

1. Tiketi. Zilikuwa nzuri, za karatasi ya rangi ya waridi, na zilipigwa muhuri: "Nyumba ya Wahaya, saa nne kamili hadi saa nne na nusu." Ndugu Msimamizi, nani alikudanganya kwamba Mhaya hutembelewa kwa nusu saa? Nusu saa kwetu hatujamaliza hata kuulizana hali ya migomba. Mama alipoelezwa kwamba tukichelewa tiketi zitakufa, aliuliza kwa wasiwasi kama mwenye nyumba ni mgonjwa, maana anavyojua yeye, anayewekewa saa za kutazamwa ni mgonjwa wa hospitali. Nilimwambia sijui. Hapo ndipo mambo yalipoanza kuharibika.

2. Kutopokelewa. Tulifika mapema. Mama alikuwa na mkungu wa ndizi kichwani, na Klaudia alibeba kibuyu cha lubisi, pombe yetu ya ndizi, kwa kuwa kwetu mtu haendi kwa watu mikono mitupu hata kama ana tiketi. Mama akabisha hodi. Kimya. Akabisha tena kwa sauti ya heshima zaidi. Kijana wako anayeongoza wageni, Mustapha, akasema tuingie tu. Tuingie tu, nyumbani kwa watu! Mama akamuuliza mwenye nyumba ni nani na ni wa ukoo gani. Mustapha akajibu kwamba hana jina, hii ni nyumba ya Wahaya wote. Mama akasema kama ni ya Wahaya wote, basi yeye ni mmoja wao na hajawahi kupewa taarifa. Tukaketi nje kumngoja mwenyewe arudi shambani, na tiketi zikaendelea kutufia mikononi.

3. Moto. Hatimaye mama alichungulia ndani. Sina ugomvi na fundi wako. Msonge ule umesukwa vizuri, nyasi zimeshuka mpaka chini kama inavyotakiwa, na hata mama alisifu. Lakini majani yaliyotandikwa chini yalikuwa makavu ya siku nyingi. Hapakuwa na kikapu cha kahawa ya kutafuna ambayo mgeni hupewa kabla hajasema shida iliyomleta. Na kati ya mafiga palikuwa na majivu matupu. Mama aliyatia kidole, yakawa ya baridi. Sasa fikiri kama yeye: kuna mtu aliwekewa saa za kutazamwa, hayupo, hakuna wa kupokea wageni, na moto umezimika asubuhi. Kwetu hiyo ina maana moja tu. Mama alitua mkungu wake, akaweka mikono kichwani, akapiga yowe.

4. Kutoarifiwa. Klaudia alilipokea yowe lile bila kuuliza, kama inavyompasa jirani mwema. Wazee wakavua kofia. Mimi nilijaribu kueleza kwamba haya ni maonyesho, mama akaniambia kumbe shule ilinifundisha kutolia hata watu wanapokufa. Nikalia. Na Ndugu Byabato je? Aliingia akaketi juu ya yale majani makavu, akajifunika uso kwa kofia yake, akalia kuliko sisi sote huku akimtaja bibi yake aliyemlea. Mtu aliyevunja misonge ya kijiji kizima bila kupepesa jicho alilia kwa kwikwi ndani ya msonge wenu. Lawama yangu hapa ni fupi: ndugu wa marehemu hawakuarifiwa, hata kwa barua, hata kwa redio. Tukakuta msiba kama wapita njia.

5. Kukatizwa msiba. Mtu wa kwetu haondoki msibani siku ya kwanza. Muda wetu ulipokwisha Mustapha alikuja kutuambia tutoke, wenye tiketi zinazofuata wamewasili. Walikuwa wanafunzi kutoka Shinyanga na mwalimu wao. Watoto wenye adabu! Waliona watu wanalia, wakaketi, na wakatoa rambirambi ya mihogo iliyokuwa chakula chao cha njiani. Waliofuata baada yao nao wakaketi. Kufikia adhuhuri msonge ulikuwa umejaa mpaka nje, na nyumba za makabila mengine hazina mtu, jambo ambalo, nikiri, lilinipa fahari kidogo katikati ya majonzi.

Watu wote hao wangekula nini? Mama na Klaudia wakawasha moto. Mlinzi wako, Zahoro, alikuja mbio na ndoo ya maji akipiga kelele. Klaudia alimshukuru sana, akayamimina chunguni. Zahoro alikula sahani mbili za ndizi na hakuutaja tena ule moto. Naye Mustapha, aliyetumwa tena kutufukuza, alisimama mlangoni akaanza kufuta macho. Kumbe babu yake alifariki mwaka huu na yeye hakupewa ruhusa ya kwenda kuzika. Mama alimvuta akamketisha kando yake, akamshika kichwa, kijana akalia mpaka akatosheka. Tiketi zenu hazisemi kama huduma hiyo imo.

Jioni tulitolewa kwa filimbi. Sikuwahi kusikia msiba unaofungwa kwa filimbi, isipokuwa labda wa polisi.

6. Ubaguzi. Hili ndilo kubwa. Nyasi ni zile zile, fito ni zile zile, mviringo ni ule ule. Kwako nyumba hiyo ni fahari ya Taifa; hiyo hiyo ikisimama Kyabihanga, ni adui wa maendeleo. Kwako imewekewa mlinzi ili isiguswe, na kwetu wanatumwa vijana wenye mapanga. Azimio la Arusha lilikataza matabaka baina ya watu, na mimi nimelisoma kutoka mwanzo hadi mwisho bila kuona mahali panaporuhusu matabaka baina ya nyumba. Tofauti pekee niliyoiona ni kwamba ya kwako haina mtu ndani. Je, tuelewe kwamba msonge huanza kupendwa pale mwenyewe anapokwisha kufa? Naomba jibu kwa maandishi.

Kwa hayo yote, naleta maombi yafuatayo.

(a) Nyumba ya mama yangu itangazwe kuwa tawi la Bustani yako, na tiketi zake zikatwe Bukoba. Mama aajiriwe kwa cheo cha Mwenye Nyumba, nafasi ambayo kwako iko wazi. Sifa anazo: moto wake hauzimiki, kahawa ya kutafuna haikosekani, na msimu wa senene, panzi wetu wa kukaanga, kila mwenye tiketi ataonja. Saa za kutazama zisiwekwe. Mgeni ataondoka atakaposindikizwa.

(b) Hilo likishindikana, Ndugu Byabato na vijana wake waletwe Mwanza waivunje ya kwako pia. Sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma.

(c) Nalo likishindikana, basi ijengwe bustanini nyumba moja ya bati, na Ndugu Byabato awekwe ndani yake saa nane mchana, ili wajukuu waone jinsi tulivyookwa. Mvua ikinyesha wageni waelezwe kwa ishara. Mimi naishi chini ya bati hapa Bakoba na najua ninachosema: mvua ikinyesha mimi na mke wangu tunaahirisha hata ugomvi, kwa kuwa hakuna anayemsikia mwenzake.

Ndugu Msimamizi, sasa nakuambia kama mtu na si kama karani. Sitaki ile nyumba ivunjwe. Kila Krismasi nakwenda kulala humo. Nasikia mvua ikishuka polepole juu ya nyasi, nasikia kuni zikilia motoni, nasikia mama akikohoa upande wa pili wa kiambaza, na najisikia kwamba bado kuna mkubwa wangu ndani ya nyumba. Nina watoto wangu na mvi zangu. Ikivunjwa, sijui nitakwenda kuwa mtoto wapi.

Nafunga kwa kukutakia kazi njema. Nisalimie Mustapha, umwambie mama anauliza kama amepata ruhusa ya kwenda kuliona kaburi. Msalimie Zahoro, ndoo yake iko salama kwa Klaudia. Wasalimie wanafunzi wa Shinyanga wakipita tena, na kama inawezekana zipe pole nyumba za makabila mengine, ambazo siku ile hazikupata mgeni kwa sababu yetu.

Nduguyo katika ujenzi wa Taifa, na katika kuzuia ubomoaji wa sehemu yake moja,

Ildefons Karugendo

Tanbihi: Jana nilipokuwa nataka kufunga bahasha, lori la kahawa lilisimama mlangoni pangu, akashuka mama na godoro lake na kuku. Nikamkalisha nikamsomea barua yote hii, nikitegemea machozi ya shukrani. Alicheka mpaka akashika ubavu. Ananiambia msonge ulivunjwa juzi, tena yeye mwenyewe ndiye aliyewaita vijana na kuwaonyesha waanzie wapi. Nilipoanza kufoka akasema ile nyumba alikwisha kuililia kule Mwanza, katika msiba mzuri wenye watu wengi, na mtu halii msiba mmoja mara mbili. Akaniuliza pia, kama naupenda msonge kiasi hicho, mbona kwangu nilijenga bati.

Kwa hiyo tafadhali yafute malalamiko yote na maombi yote. Ila kama unafahamiana na mtu yeyote wa kugawa bati, umwambie afanye haraka Kyabihanga, maana mama atakaa hapa mpaka nyumba yake mpya iezekwe, na chumba alichochukua ni changu. Anasema hicho ndicho chenye dirisha linalotazama barabara. Maisha yake yote hajawahi kuwa na dirisha. Tangu asubuhi ameketi hapo, analifungua, analifunga, analifungua tena, anamwita kila apitaye na kumwuliza anatoka wapi na nyumbani hawajambo, na tangu baba afariki sijamwona mama yangu akiwa na furaha namna hii.