Duka la Gemu na Simu ya Mama Mkwe

Jumatatu, 14 Julai

Baridi ya kukata masikio. Wiki hii nalizika banda la Fahadi. Naandika tarehe mapema ili baadaye asije akasema ilikuwa bahati.

Hali ilivyo. Chumba cha mbele cha nyumba yetu hapa Chanji kina kompyuta moja kubwa, viti sita vya plastiki na mtu mmoja. Mtu mwenyewe ni mimi. Zamani kilikuwa chumba cha cherehani cha mke wangu, Luciana. Mwezi wa nne nilimwomba aniazime wiki mbili. Mpaka leo anashonea barazani, kavaa koti langu na soksi juu ya soksi. Asubuhi ameniambia, bila kuinua macho kwenye sindano, kwamba Jumamosi ndiyo mwisho. Chumba kikijaa watu, kitabaki changu. Kikiwa na mimi peke yangu, cherehani inarudi ndani.

Nikamwambia mwanamume hapangiwi siku ya mwisho nyumbani kwake. Akasema basi iwe Ijumaa. Nikakubali Jumamosi.

Kinachonikwamisha ni Fahadi, mtoto wa wenye maduka na malori, ambaye banda lake la gemu liko mtaa wa pili. Kwake ni mpira tu, asubuhi mpaka jioni, na vijana wamejaa kama maharage kwenye gunia. Mimi nitaleta asichonacho: gemu la malori! Lori la tani thelathini, mlima, mvua, breki zinanuka. Mji huu kila kijana anajiona dereva wa lori ambaye hajapewa lori.

Gemu hilo ni la kampuni moja kubwa ya ng'ambo, Orbago. Hawa jamaa hawauzi gemu kwenye sahani za CD. Wana duka lao lenyewe, linakaa ndani ya kompyuta yako. Unanunua humo, unapakua humo, na kila ukitaka kucheza lazima uingilie mlango huo huo. Ni kama umenunua kitanda, halafu kila ukitaka kulala unapitia kwa muuzaji kujitambulisha. Wazungu wana mambo. Lakini mimi nimekaa Tunduma miaka miwili, nimefika mpaka Nakonde, upande wa pili wa mpaka. Wazungu hawanishindi.

Jumanne, 15 Julai

Ushindi wa kwanza. Gemu la malori limepatikana bure!

Orbago wana ofa. Mteja mpya anachagua gemu moja bila kulipa. Namba moja ya simu, mteja mpya mmoja. Mimi nilishakuwa mpya mwezi wa tatu nikasahau neno la siri. Luciana alikuwa mpya mwezi wa tano (yeye mwenyewe hajui). Safari hiyo niliweka neno la siri gumu, ili wezi wasilijue. Hawakulijua. Na mimi pia.

Sasa Mungu si Athumani. Mama mkwe yuko hapa kutoka Mpui tangu Jumapili, kaleta maharage na kaja kumwona mjukuu wake Rose. Simu yake inachaji mezani kwangu. Yeye yuko uani anachambua maharage. Nikajaza fomu. Jina: Maria. Mwaka wa kuzaliwa: 1957. Gemu anazopenda: mbio, vita, na za kutisha. Orbago wakatuma namba sita kwenye simu yake, nikazisoma, nikaziandika, nikaufuta ujumbe. Sekunde kumi! Wakamkaribisha kwa maneno matamu sana.

Sio wizi. Simu hiyo nilimnunulia mimi Krismasi.

Alhamisi, 17 Julai

Siku mbili niko stationari ya Obedi pale mjini, maana yeye ana intaneti ya waya na mimi nina bando la kubahatisha. Gemu lina uzito wa giga arobaini na moja. Obedi ni mtu wa Mbeya, hatoi kitu bure: kompyuta yangu ikipakua, mimi natoa kopi. Nimetoa kopi za kadi za michango ya harusi mpaka najua kamati nzima kwa majina.

Saa tisa gemu likamaliza kupakuliwa. Nikalijaribu. Lori likawaka, likanguruma, wateja wakaacha kopi zao wakaja kuangalia. Obedi akanionya kwamba duka la namna hii kompyuta ikihama mtandao linaweza kuuliza upya wewe ni nani. Nikamwambia mimi nimevuka mpaka wa Tunduma mara nane, hakuna aliyewahi kuniuliza mimi ni nani. Akasema labda walikuwa wanajua.

Mama mkwe aliondoka jana kurudi Mpui. Nilimsindikiza mpaka kwenye gari, nikambebea na mkoba. Simu ilikuwemo ndani ya mkoba. Naandika tu.

Ijumaa, 18 Julai

Bango limebandikwa: MASHINDANO YA MALORI, KESHO SAA NNE, MSHINDI JOGOO, SODA BURE KWA WOTE. Jogoo nimemfunga mguuni kwenye meza ya kompyuta. Anawika kila mtu akipita. Tangazo la bure.

Fahadi kapita na pikipiki, kasimama, kasoma bango mara mbili. Akasema kwa mjomba wake malori yako manne, ya kweli, na hakuna anayeyagombania. Nikamjibu kwa mjomba wake hakuna jogoo. Akacheka mpaka pikipiki ikamzimikia. Huyo anaogopa.

Luciana kaingia na futi yake, kapima ukuta wa dirishani. Nikauliza anapima nini. Akasema ukuta.

Jumamosi, 19 Julai

Watu thelathini na mmoja! Nimewahesabu mara mbili, mara ya pili kwa sauti ili Luciana asikie kule barazani. Viti vimejaa, dirisha limejaa vichwa. Mpaka Fahadi kaja, mikono mfukoni.

Nikawasha. Duka likafunguka. Maandishi makubwa kama ya msibani: Karibu tena, Maria.

Kicheko. Mmoja akauliza Maria ndiye nani. Barazani cherehani ikanyamaza. Luciana akaingia, pini mdomoni, akauliza swali lile lile ila kwa utulivu zaidi. Nikamwambia ni mama yake. Thelathini na mmoja wakasema "Aaaa!" kwa pamoja kama kwaya. Luciana akasema kama ni simu ya mama yake, basi nimalizane na mama yake. Akarudi kushona.

Kabla sijapumua, Orbago wakaandika tena. Kompyuta hii iko mahali wasipopajua. Wametuma namba sita kwenye simu ya Maria. Niziingize ndani ya dakika tano. Na saa ikaanza kukimbia pale pale kwenye kioo, watu wote wanaiona. Nne na hamsini na tisa. Nne na hamsini na nane.

Sasa, kwetu mama mkwe hapigiwi simu kama bodaboda. Unaamkia, unangoja, unaulizia mifugo, ndipo unafika kwenye lako, tena kwa kuzunguka. Lakini saa inakimbia! Nikapiga, nikasema moja kwa moja: mama, soma hizo namba sita zilizoingia sasa hivi, haraka.

Akauliza ni nani. Nikasema ni mimi, Baltazari, mkwe wako. Akasema mkwe wake anamfahamu, ana adabu, hajawahi kumpigia bila shikamoo. Akasema kwenye semina ya VICOBA, kikundi chao cha kuweka na kukopa, wamefundishwa: anayekuomba namba zilizoingia kwenye simu yako ni mwizi, hata akijiita Padre. Akanipa na neno moja la Kifipa ambalo sikujua kwamba analijua. Akakata.

Muda ukaisha. Nikaomba namba nyingine. Safari hii nikaamua kwenda kwa heshima. Shikamoo mama. Marahaba mwanangu, Baba Rose! Umeamkaje. Nimeamka salama. Rose hajambo? Hajambo. Baridi huko? Kali. Na hapa kali. Nguruwe amezaa. Hongera. Sita, mmoja dhaifu. Pole. Ndipo akaniambia, kwa sauti ya chini, kwamba kuna mwizi amempigia sasa hivi, anajiita mimi. Sauti hiyo hiyo! Ningefanyaje? Nikasema mshenzi sana huyo. Akasema na alaaniwe. Nikasema na alaaniwe. Watu thelathini na mmoja wananisikia najilaani. Nikaangalia kioo: sekunde tatu. Mbili.

Mara ya tatu simu haipatikani. Nikaenda barazani nikampigia Luciana magoti, goti moja tu. Akasema kwanza amalizie pindo. Alipomaliza akampigia jirani wa mama yake kule Mpui. Taarifa: mama kazima simu, katoa laini, kaifunga kwenye pindo la kanga, yuko njiani kwa mtendaji wa kijiji kuripoti.

Orbago wakaandika kwamba kwa usalama wa Maria, akaunti imefungwa siku thelathini. Kwa usalama wa Maria!

Fahadi hakucheka. Hilo ndilo lililouma. Akanishika bega akasema, usijali Balta ndugu yangu, waje kwangu, saa ya kwanza bure. Alipofika mlangoni ndipo akaongeza kwamba hata Maria anakaribishwa.

Wakatoka wote. Nikasimama mlangoni nikawapa soda. Zilikuwa ishirini na nne, wengine wamegawana. Mtu hatoki kwangu na koo kavu, hata kama anakwenda kwa adui.

Jumapili, 20 Julai

Kabla ya chai mtendaji wa kijiji cha mama mkwe amenipigia. Kasema nijihadhari, kuna mtu anatumia jina langu kutapeli wazee. Nimemshukuru. Ameniuliza kama namshuku mtu. Nimesema hapana.

Luciana akasema sasa inabidi niende Mpui kumpa mama pole. Nikabeba jogoo. Mashindano hayapo, mshindi hayupo, jogoo hana kesi.

Nikamkuta na majirani sita, anasimulia. Nilipofika akaanza upya kwa heshima yangu. Mwizi kapiga, sauti ni ya mkwe wangu kabisa, lakini hakuniamkia! Hapo nikajua. Majirani wakatikisa vichwa. Mimi nikasonya kuliko wote. Mzee mmoja akauliza vijana wa siku hizi wamelelewa na nani. Nikasema ndilo swali.

Majirani walipoondoka akanionyesha ile laini, ameifunga mafundo matatu. Akasema hata kulala amelala nayo. Hana hela ya kuibiwa humo. Ila Rose humpigia kila Jumapili baada ya misa, akaogopa wakiichukua laini hatamsikia tena.

Hapo nikataka kusema. Kweli kabisa. Mdomo ulishafunguka. Akaniwekea paja la jogoo sahanini, akasema, kula mwanangu, wewe una moyo. Nikala.

Nimemwachia fulana yangu ya sufi. Nimerudi natetemeka kwenye gari mpaka mjini.

Jumatatu, 21 Julai

Cherehani imeingia ndani. Nimeibeba mwenyewe, nzito kama dhambi. Imekaa pale pale alipopima, dirishani, haijazidi hata kidole. Kompyuta iko uvunguni. Wanaouliza nawaambia inapumzika.

Luciana hakunisema. Amevua koti, akanirudishia. Lilikuwa bado na joto lake. Kufika mchana wateja wanne, sare za shule. Kumbe watu walikuwa wanamwonea huruma kumsumbua na ile baridi. Alikuwa anaimba. Sikumbuki mara ya mwisho nilimsikia lini.

Nikakaa kwenye kiti nikamsikiliza. Nikasema moyoni: Baltazari, basi.

Jumanne, 22 Julai

Nimelichambua jambo hili kitaalamu. Kosa halikuwa langu. Wala la Orbago. Kosa ni urefu wa salamu! Dakika tano zinamtosha mtu yeyote, mradi yule mwenye simu awe mtu wa salamu fupi.

Leo asubuhi kaingia Gabriel, katekista wetu, kupunguziwa suruali. Tumsifu Yesu Kristo. Milele, amina. Basi! Hana nguruwe, hana semina, hana baridi huko. Nimepima kwa saa: sekunde nne. Zinabaki dakika nne na sekunde hamsini na sita, mtu anaweza hata kunywa chai.

Na katika maisha yake yote hajawahi kuwa mteja wa Orbago. Mpya kabisa! Simu kaiweka mezani wakati Luciana anampima kiuno. Namba sita zimeingia, zimetoka.

Chumba sina, lakini sebule ipo. Nimeipima kwa futi ya Luciana. Kochi lake litakaa vizuri sana barazani.