Sura ya Tatu Imepata Msomaji

Jumatatu, 3 Machi 1997

Kitabu changu cha pili kimetoka! *Akili ya Bandia Itakapokalia Kiti Chako*. Kinaeleza mashine zinazofikiri na maafa zitakayoiletea jamii. Lindi nzima hakuna mwingine aliyeandika haya. Huenda hata Mtwara. Kile cha kwanza, *Mashine Isiyolala*, kililiwa na mchwa kabla hakijauzwa. Kompyuta yenyewe sijaiona, lakini nimesoma magazeti mengi yaliyofungiwa mitumba. Yanatosha.

Fortunata, mke wangu, ndiye aliyechapa stensili zote, jioni, kwenye ofisi ya kampuni ya korosho anakopiga taipu. Akadurufu, akabana pini. Vidole vimemvimba. Nimemshukuru kwenye dibaji, ingawa jina lake lilikosa nafasi.

Tangu shirika letu lilipouzwa na sisi tukapunguzwa, nyumba hii inakula kwa vidole hivyo. Binti yetu Tekla naye anasoma kwa vidole hivyo. Si kwa muda mrefu! Mwandishi akishajulikana, mkewe atafanya kazi akipenda.

Jumatano, 5 Machi

Stendi. Nimetandika vitabu tangu asubuhi, hakuna aliyenunua. Mama mmoja alikishika, akauliza kama ndani kuna dawa ya minyoo. Jirani yangu Likwata, aliyekuwa tarishi wetu kule shirikani, anauza kijitabu chake, *Namna ya Kumtuliza Mke Mkali*. Watu wanakigombania. Tarishi! Nikamwambia mashine zikija zitaanza na yeye. Akajibu kwamba zikaribie tu, maana huenda nazo zina wake wakali. Stendi nzima ikacheka. Namchukia.

Jumamosi, 8 Machi

Nina mpango! Kama wanyonge hawasomi, basi wasome wakubwa. Bwana Romani, meneja wa Fortunata, ni Mmwera. Mimi Mmakonde. Ni mtani wangu, hawezi kuninyima kitu. Nitampa nakala moja, aipende, aagize za wafanyakazi wote.

Fortunata ameniomba sana nisipeleke. Anasema meneja huyo hajawahi kusoma chochote zaidi ya mizani ya korosho, na ni heri abaki hivyo. Wivu tu.

Jumanne, 11 Machi

Nimepeleka. Nimemwekea alama sura ya tatu, "Mashine Moja, Wapiga Taipu Sita". Humo naonya kwa uchungu kwamba kompyuta moja itafanya kazi ya wanawake sita, tena bila likizo ya uzazi, bila malaria, bila ruhusa ya kwenda msibani. Sura hiyo niliiandika nikilia.

Ijumaa, 14 Machi

Amesoma! Ameniita ofisini, akanikalisha kiti cha wageni. Sura ya tatu yote kaipigia mistari kwa kalamu nyekundu. Aliuliza kama ni kweli mashine haiendi msibani. Nikasema kweli tupu. Akasema basi ataagiza moja Dar es Salaam na wapiga taipu atawatoa.

Utani huo! Nami nikamjibu kama mtani anavyojibiwa. Nikasema Wamwera ni maneno tu, hawana ubavu, na kama yeye ni mwanamume kweli aanze na mke wangu, aniletee nyumbani kamfunga kamba kama mbuzi. Alicheka mpaka akatoa leso. Akasema nisije nikasahau. Nikasema sisahau!

Chumba cha pili taipureta ya Fortunata ilinyamaza kidogo, kisha ikaendelea. Siku nzuri sana.

Jumatano, 9 Aprili

Kompyuta imefika. Kwa meli hadi Mtwara, kisha kwa pikapu, imefunikwa blanketi kama mgonjwa.

Wapiga taipu wote wameachishwa. Fortunata wa kwanza. Alipouliza kosa lake, akaambiwa mumewe mwenyewe ndiye aliyeomba, tena kwa sauti, na yeye alisikia.

Nimekimbia kwa Bwana Romani kumkumbusha kwamba mambo yale yalikuwa utani. Akakubali. Akasema maneno yangu aliyachukulia utani, lakini kitabu hakukisikia kikicheka. Safari hii hakunikalisha.

Nimeiona kompyuta kwa macho yangu, basi. Iko kwenye meza ya Fortunata, imelalia kitambaa alichokifuma mwenyewe. Umeme ulikuwa umekatika. Haikuwa inafanya kitu.

Jumapili, 20 Aprili

Tekla amerudishwa kutoka shule, na sanduku lake. Alinipa shikamoo akitazama chini. Tumekula muhogo na chumvi. Fortunata hasemi nami. Akitaka kitu anamwambia Tekla amwambie baba yake, na mimi nimekaa hapohapo.

Jioni Likwata amekuja hapa kwetu Mitwero na fungu la dagaa. Hakucheka. Bora angecheka. Naona aibu.

Hata hivyo ukweli usemwe. Nilitabiri, na imekuwa! Mwandishi gani mwingine kitabu chake kimetimia kabla ya Pasaka kusahaulika?

Jumamosi, 3 Mei

Heri! Anjelina, dada yake Fortunata, amekuja na habari kutoka Mtama. Bwana Ambrosi, mnunuzi wa ufuta, anatafuta mpiga taipu. Anamtaka Fortunata aanze Jumatatu. Huku kwetu ofisi nyingine haipo. Akianza, Tekla anarudi shule.

Fortunata amefua blauzi yake nyeupe. Ametabasamu. Amesema nami moja kwa moja, kwa mara ya kwanza, akaniomba jambo moja tu: Baba Tekla, usiende Mtama.

Sikwenda. Mimi mume msikivu. Nimemkabidhi kondakta wa basi la mchana zawadi ya Bwana Ambrosi, ajue kwamba anayemwajiri ni mke wa mwandishi. Nakala safi kabisa, na alama nimeiweka sura ya tatu.