Shukrani za Profesa Lois

Jumamosi, 8 Novemba 2014
Kikundi cha kusoma, nyumbani kwa Verediana, mjini Blaine, hapa Marekani. Vitabu sivipendi; Verediana nampenda. Leo katangaza kwamba wiki ijayo anakuja Profesa Lois, mwanahistoria wa fikra za Wamarekani. Kaandika vitabu vinne vinene kuhusu wahubiri, walimu na wabishi wa nchi hii. Anatakiwa mtu wa kumkaribisha, aliyevisoma. Nikanyoosha mkono kabla hajamaliza. Isack, mwanakikundi mwenzetu, naye akanyoosha. Isack hana mke wala televisheni. Verediana akaniuliza kama kweli nimevisoma. Nikasema vyote. Akatabasamu. Kwa tabasamu lile ningesema nimeviandika.

Jumatatu, 10 Novemba
Theluji. Ofisini wametuachia mapema. Maktaba ya Hopkins: vitatu vipo, cha nne kimeazimwa. Namjua aliyekiazima. Nimeanza cha kwanza. Sentensi ya kwanza haijaisha hadi ukurasa wa pili. Usingizi mzuri sana.

Jumanne, 11 Novemba
Nimepata njia! Kila kitabu kina kurasa za shukrani, nyepesi kama barua ya shangazi. Vyote vitatu vinamshukuru mume, Arvid, aliyepiga chapa kila neno na kupika supu. Na sisi Watanzania mgeni hatumrukii na mambo ya vitabu. Kwanza tunamuuliza habari za nyumbani. Isack aongee fikra. Mimi nitaongea familia. Nimempigia Careen, anayetushonea sare za harusi; nimeagiza gauni la kitenge la profesa, na shati la Arvid la kitenge hicho hicho. Akauliza vipimo. Nikamwambia mzee ni mtu wa supu, ashone pana.

Alhamisi, 13 Novemba
Verediana kapiga simu. Anataka kujua nakionaje kitabu cha nne. Nikajibu kwamba kimenigusa mno, siwezi kukizungumzia kwenye simu. Kisha akasema nimkaribishe mimi profesa. Maskini Isack.

Jumamosi, 15 Novemba
Nilisimama nimevaa suti. Nikamsalimu profesa kwa niaba ya Watanzania wote wa hapa. Nikamuuliza hali ya nyumbani. Nikasema nyuma ya kila fikra kubwa yupo Arvid, nikakabidhi sare, nikaomba wapigiwe makofi wote wawili.

Makofi yalikuwa machache. Profesa alishukuru kwa gauni. Akasema Arvid ni mzima, anaishi mji wa Savage na mwanamke aliyetayarisha faharasa ya kitabu cha tatu. Kitabu cha nne kinamshukuru wakili. Aliongeza kuwa shati litamtosha, maana amenenepa.

Isack aliinamia pilau yake. Baadaye akauliza swali, na profesa akamjibu kwa nusu saa: fikra za taifa hukua watu wa kawaida wanapobishana, kanisani, ghalani, mezani. Kitu kama hicho. Nilikuwa nimejificha jikoni. Verediana akaja huko na sahani yangu, nyama ikiwa haijaguswa, akaimwaga bila kunitazama. Nimeumia sana.

Jumatano, 19 Novemba
Verediana kapiga. Hakugomba, afadhali angegomba. Anasema gauni si kitu, kilichomuuma ni uongo. Alikuwa ameanza kunifikiria. Jumamosi profesa anarudi, pilau imemkolea. Niende, nimwambie Verediana jambo moja tu analofikiri mama yule, nililolisoma kwa macho yangu. Nikishindwa, nisimtafute tena. Nikaapa, machozi yakinilengalenga.

Isack kaniletea kitabu cha nne mwenyewe, bila kuombwa. Wema wake unanichosha. Nikakifungua. Nikasoma aya nzima. Halafu akili ikanijia: nani anayajua mawazo ya mama yule kuliko mtu aliyeyapiga chapa?

Nimempata Arvid kwa simu. Mzee mpole. Mama wa faharasa kamwacha tangu kiangazi. Vitabu vitatu anavikumbuka vyote, na kile cha nne ana maoni yake. Jumamosi asubuhi nampitia Savage, twende wote Blaine. Atanisimulia njiani, na tukifika nitawapatanisha mbele ya Verediana, aone nina moyo wa namna gani. Profesa sijamwambia, nataka afurahi ghafla.

Kitabu nimekirudisha maktaba.