Mkalimani wa Filamu Bubu

"Kostansia ananionea! Siku ya tisa leo mke wangu hanisemeshi. Sahani nawekewa mezani puu! Kosa langu silijui!"

Hayo ni malalamiko ya Jovini, Baba Mizero, aliyoyaleta jikoni kwangu hapa mtaa wa Iroquois, Marekani, huku akiyamaliza maandazi yangu.

"Hulijui?" nikamwuliza. "Nani alitia gauni lake la kitenge kwenye draya, ile mashine ya kukaushia nguo, likatoka saizi ya mwanasesere?"

"Mashine za Wamarekani zina moto!"

"Na nani alimwambia, 'Gauni ni lilelile, mama, wewe ndiye umenenepa'?"

Akameza andazi zima. Alikuwa anadaiwa samahani moja tu, lakini Jovini aseme "nimekosa"? Bora umng'oe jino kwa koleo!

Sasa, huyu Jovini kule kambi ya wakimbizi Tanzania alikuwa mkalimani wa banda la video. Mchina akirusha teke, yeye anatafsiri. Mhindi akilia, yeye analia naye kwa Kiswahili. Na lugha zao hajui hata moja!

Basi jioni hiyohiyo, Jumamosi, kanisa likaonyesha filamu ukumbini, naye akanyakua maikrofoni. "Leteni yoyote! Hata ya watu wa mwezini naitafsiri!"

Ikaja filamu ya kizamani, ya mume na mke. Midomo inafunguka, sauti hakuna.

"Spika imekufa!" akapiga kelele.

"Haijakufa," akasema Yoeli, fundi wa mitambo. "Ni filamu bubu. Haya, tafsiri!"

Jasho likamtoka kama kapanda Kilimanjaro na gunia la mahindi. Kwenye skrini, mke kampa mume mgongo. Mume kapiga magoti, midomo inamcheza.

"Anasema nini?" watu wakauliza.

"Anasema... njaa inamuuma."

"Mwongo!" Sauti ilitoka safu ya nyuma. Kostansia! Neno la kwanza baada ya siku tisa! "Njaa haipigiwi magoti. Tafsiri vizuri, Baba Mizero!"

Jovini akaitazama skrini, akatazama safu ya nyuma.

"Anasema... 'Mke wangu, hujanenepa. Ni draya, na aliyeiwasha ni mimi. Nimekosa. Nisamehe.'"

Vigelegele! Filamu haikutazamwa tena na mtu.

Kostansia aliondoa tu mkoba wake kwenye kiti cha pembeni yake.

"Mkalimani!" Yoeli akaita. "Na hiyo maana yake nini?"

Jovini akaweka maikrofoni chini.

"Maana yake nikae. Na ninyamaze."