Kalumba Mbili Nyuma

Jumatatu, 9 Juni

Imekamilika! Mashini yangu ya kupima mwangwi wa wakati imesimama mezani, na dada yangu Huguette anadai sufuria yake. Huguette hana jicho la sayansi. Nimemweleza kwamba kila kishindo na kila neno huacha mwangwi, na kwamba mwangwi hausafiri hewani tu, husafiri pia katika siku. Mwingine unarudi nyuma, mwingine unatangulia. Anayejua kuupima anaweza kuupanda na kwenda nao. Akauliza bukari, ugali wetu, atapikia wapi.

Vifaa: sufuria hiyo, spika ya redio, mkono wa cherehani, sindano ya kipimo cha betri, na simu yangu nzima, nimeifungua yote kwa ajili ya kinasa sauti. Waya mwekundu ulikwisha, nikafunga mweusi kila mahali. Kushoto nimeandika NYUMA, kulia MBELE. Kipimo nimekipa jina langu. Kalumba moja ni tangu baruti ilipuke mgodini hadi sahani za Huguette zitulie kabatini. Ni sawa na siku moja ya safari.

Nimeshinda Mutoshi, mbali na nyumbani, kutwa nzima nikiijaribu. Mbwa walikimbia. Dalili nzuri sana.

Haraka yote hii ni kwa ajili ya Ngalula, binti ya jirani yetu Tata Beya. Nampenda, na hapa ninaandika bila haya. Wiki hii tata, yaani baba yake, atachagua siku ya kunialika nile na wajomba waliotoka Kasai. Nikila nao, nimepata mke. Nisipoonekana, yuko Kabongo mwenye pikapu, ambaye kila Jumapili baada ya misa anamsaidia Tata Beya kubeba kiti chake. Ngalula ameniomba nitulie, atanijulisha kwa simu. Nilisahau kumwambia habari ya simu.

Jumanne, 10 Juni

Kutulia ni kwa watu wasio na mashini. Asubuhi nimeibandika kwenye ukuta unaotutenganisha na akina Beya. Nimenasa sauti ya baba mkwe mwenyewe! Alikuwa anaongea Tshiluba, lugha ya kwao, nami sijui hata salamu. Nilishika maneno mawili: Kalumba, na makelela.

Nikamwuliza Huguette makelela ni nini. Akasema ni kesho. Nilipokuwa natoka nikamkuta Kabongo anaosha pikapu yake, nikamwuliza kijanja, kama mtu asiye na shida. Akasema ni jana. Mmoja wao ananidanganya! Huguette ana kinyongo cha sufuria. Kabongo ana kinyongo cha Ngalula. Nikarudi kwa yule asiye na kinyongo na mtu, nikazungusha mkono wa cherehani. Sindano ikaruka ikalala NYUMA.

Jana! Mimi nilikuwa Mutoshi nikitisha mbwa, huku wakwe wananisubiri. Nilichungulia juu ya ukuta: manyoya ya kuku uani. Basi wameshakula. Nilikaa kitandani nikiwa na uchungu wa kweli, nusura nilie. Kisha nikasimama. Mtu mwingine angekwenda kuomba msamaha. Mimi nina chombo cha safari.

Jumatano, 11 Juni

Nimeondoka na mashini begani kabla Huguette hajaamka, nikapanda kilima cha kifusi nyuma ya mgodi. Baridi, upepo, vumbi la kiangazi hadi masikioni. Mlinzi alinifukuza upande mmoja, nikapanda kwa upande mwingine. Kuliko kumkosa Ngalula, bora nizoee kufukuzwa.

Mchana ukaisha bila kitu. Hatimaye king'ora, kisha baruti. Ardhi ikaruka. Nikazungusha mkono kalumba mbili kwenda Jumatatu, nikahisi kabisa navutwa nyuma kwa nguvu! Nilikuwa nateleza kifusini, lakini hilo ni jambo dogo, kila safari ina barabara yake.

Chini nilimwuliza mama mmoja muuza mandazi leo ni siku gani. Akasema Jumatano. Nikamhurumia, mwangwi haukumbeba.

Nikaingia kwa Tata Beya mbio, mwekundu kwa vumbi, sufuria mkononi. Wajomba wapo! Harufu ya kuku ipo! Nimewahi! Nikawatakia wote Jumatatu njema. Ndipo nikaona kwamba wananawa mikono, wamemaliza, na kwenye kiti changu amekaa Kabongo, ambaye walimwita ili kiti kisikae kitupu mbele ya wageni. Tata Beya akamwuliza Kabongo kama sufuria ile ni mahari. Wajomba wakacheka sana. Ngalula hakucheka.

Alhamisi, 12 Juni

Huguette amenifafanulia. Makelela ni kesho, na ni jana vilevile, neno ni lilelile. Wakasai wanaelewana kwa jinsi wanavyolisema. Kumbe hakuna aliyenidanganya! Kwa hiyo mashini ilikuwa sahihi kwa nusu. Kwa jaribio la kwanza, nusu ni matokeo makubwa.

Jioni Ngalula alikuja mlangoni, macho yamevimba. Jana alinipigia simu kutwa nzima. Alisema polepole, kama anavyoongea na mteja mbishi sokoni.

"Elisée, mi niko nyuma ya huu ukuta tu. Ukiwa na neno, piga mulango, uniulize. Nimelilia tata, amekubali bakule tena siku ya posho, jua ikianza kushuka. Siku ya posho, unasikia? Haiko makelela. Kiti ikibakia bule tena, mi sitabishana naye. Nitaolewa na Kabongo."

Siku ya posho ni Jumamosi. Nilimwambia nimeelewa. Nilimshika mkono, akauacha mkononi mwangu kwa muda. Sijawahi kuwa na furaha namna hii.

Jumamosi, 14 Juni

Huguette amenipigia pasi shati. Ng'ambo ya ukuta wanakata kuku, wajomba wanapanga viti. Kila kitu tayari.

Lakini nimewaza vizuri. Kwa nini niingie kwenye karamu ya pili, ya kuombewa kwa machozi, ambapo kila mjomba atamkumbuka Kabongo kwenye kiti changu? Ngalula anastahili mume aliyefika mara ya kwanza. Na tangu Jumatano ni kalumba tatu tu! Mgodi unalipua leo, jua likianza kushuka. Nitaiwahi ile karamu yenyewe, nitakaa kabla Kabongo hajaitwa, na haya yote hayatakuwa yametokea.

Shati nimelivaa. Sufuria iko begani. Nimemwachia Huguette ujumbe ampe Ngalula: leo asinisubiri, nimeshafika Jumatano.