Konokono Nambari Kumi na Saba

Jumatatu, 4 Machi
Ijumaa Profesa Sow anakuja kutoka Dakar! Akiridhika na utafiti wa binti yangu Siga, kituo cha bahari hapa Joal kitampa kazi ya kudumu. Asiporidhika, basi tena. Mimi wa darasa la nne nimemzaa daktari wa viumbe wa baharini wasio na uti wa mgongo! Nimemwambia jirani Yande mara tatu. Kanijibu ati mwanangu kasoma miaka ishirini kuchungulia kitoweo.

Jumanne, 5 Machi
Profesa atakula kwangu. Lakini wali wa samaki bila konokono wa baharini wa kuvundika ni chakula cha wagonjwa, na Yande kawanunua wote sokoni. Makusudi! Nikakumbuka matangi ya Siga kituoni. Konokono arobaini, wamepakwa namba magambani. Nikachukua mmoja tu, mnene, gamba kama bakuli. Yumo mtungini anavunda. Nani atahesabu?

Jumatano, 6 Machi
Siga kahesabu. Ametoweka Kumi na Saba, aliyemfuatilia miaka minne. Tena alibeba watoto! Siga hali, halali. Nikasema labda ni paka wa Yande. Nikaenda kumtukana Yande. Hana paka.

Ijumaa, 8 Machi
Profesa kala, karamba vidole. Ati hajaonja mchuzi huu tangu bibi yake afariki. Nikamwongezea kwa upawa wangu mpya, lile gamba la konokono. Zuri vile ningelitupaje? Siga akakodoa macho. Profesa akaligeuza: 17.

Niliomba ardhi inimeze. Nadhani iliuona mwili wangu ikaghairi.

Bahati, profesa ni Mfulani, na Mfulani kwetu Waserer ni mtani. Mtani hanuni. Akapiga meza, akasema nyie Waserer mtakula hadi shahada ya mtoto! Nikamjibu afadhali sisi, nyie wafugaji mngemkamua maziwa. Akacheka mpaka akapaliwa. Kazi Siga kapata! Sharti moja: mama yake asikanyage tena kituoni, maisha. Siga mwenyewe ndiye aliyelitoa.

Jumamosi, 9 Machi
Siga hanisemeshi. Nimelia. Nimeapa kwa kaburi la mama, sitagusa tena kazi za wasomi.

Jioni nikampigia Yande magoti, kaniuzia konokono mmoja hai. Mnene kuliko marehemu. Rangi nimepewa na mafundi wa mitumbwi. Nimeandika 17, kwa mwandiko mzuri kuliko wa Siga.

Kesho mlinzi wa kituo yuko misani. Dirisha la nyuma napita, nikiingia kwa ubavu.